Urefu wa Neno "Kule"

Kagarama, Jumapili alasiri

Mwanangu Keza,

Salamu tutapeana kesho kituoni Nyabugogo, kwa hiyo hapa siziandiki. Umetoka kwenda Gisimenti kuaga wenzako, nami nimekaa kwenye meza ya jikoni na begi lako liko mbele yangu, limefungwa. Sikulifungua. Nakuomba ulitambue hilo, maana unanijua. Nimelipapasa kwa nje tu, nikakuta kitu kigumu upande wa kushoto, na nimejizuia kukupigia simu kukuuliza ni nini.

Habari za soksi, vidonge na koti la mvua hutazikuta humu. Hayo umefundishwa na watu wanaoyajua, na mimi ndiye mwanamke aliyepanda milima ya Kivu wakati wa kiangazi akiwa na mwavuli, taulo mbili na chupa kubwa ya chai. Nataka kukuandikia juu ya kichwa. Si kichwa cha kuvalia kofia. Nasema kile cha ndani, ambacho huchoka kabla ya miguu halafu kikaisingizia miguu.

Kesho unakwenda Rubavu, na kutoka hapo mtatembea kando ya ziwa, mlima baada ya mlima, mpaka Rusizi. Atakayefika atabaki huko afundishwe kazi ya kuwaongoza wageni katika njia hiyo. Atakayekatika njiani atapanda basi arudi kwao. Na kwako wewe, kurudi kwenu maana yake ni kiti. Mjomba wako Kalisa alishakuombea kiti kule ghalani Gikondo, katika ofisi yangu, upande wa dirisha, karibu na changu hivi kwamba ningeweza kukupitishia kalamu bila kusimama.

"Akishindwa tena," alisema mjomba wako hapahapa jikoni, akitafuna chapati yangu, "walau atashindwa akiwa amekaa."

Ulicheka. Mimi pia nilicheka, kwa sababu ni kaka yangu mkubwa na alinilea. Lakini lile "tena" halikunitoka. Limekuwa kama mchanga kwenye wali. Ndilo lililonikalisha hapa leo.

Mjomba wako anasimulia kila mahali, hata harusini, kwamba mwaka jana ulishindwa. Wewe hujawahi kumkatiza. Unainamisha uso, unanitazama kidogo. Basi leo namkatiza mimi. Wewe hukushindwa. Aliyeshindwa ni mimi, na wewe ulirudi kwa sababu hukutaka nirudi peke yangu. Ulikuwepo, unayajua. Lakini sidhani unajua jinsi nilivyoshindwa, maana kwa nje ilionekana ni miguu.

Unakumbuka walivyowaalika wazazi watembee siku ya kwanza na watoto wao, waone watoto wanataka kuingia katika nini. Wazazi wengine walituma salamu. Mimi nilikuja. Nilikuja niione hatari kwa macho yangu, ili niweze kuikataza vizuri. Ndivyo nilivyo. Nilikuzaa nikiwa bado sijamaliza shule, na watu wanaotukuta barabarani hudhani sisi ni ndugu, lakini woga wangu ni wa bikizee.

Wiki nzima kabla ya siku ile nilikuwa nimeshaanza kutembea. Nikikagua magunia ya mchele, nilikuwa naporomoka korongoni. Nikisubiri pikipiki pale mataa, wewe ulikuwa umeumwa na nyoka nami sina mtandao. Tulipofika penye kibao cha kuanzia njia, miguu yangu ilikuwa mipya kabisa, ila kichwa kilikuwa kimeshafika Kongo na kurudi.

"Mama, uko sawa?" uliniuliza tukiwa bado tunaona basi lililotushusha.

"Niko sawa."

"Mbona unapumua hivyo?"

"Ni hewa ya ziwa."

Hewa ya ziwa! Niliisema "niko sawa" ile asubuhi yote, na kila mara ilinigharimu kuliko kilima. Kumficha mtu anayetembea nyuma yako kwamba umechoka ni kazi kamili. Ina uso wake, sauti yake, hata namna yake ya kufuta jasho. Laiti ningesema mapema "Keza, naogopa, twende polepole," ningebaki na kitu cha kutumia mchana. Wewe ukichoka, sema. Utawasikia watu wakikuita mtoto wa mjini, mtoto wa karani. Waitikie. Wewe ni mtoto wa karani kweli, na karani hafichi upungufu wa mali. Huuandika mapema mzigo ungali mlangoni.

Halafu tukamkuta yule mzee anayeteremka na mkungu wa ndizi kichwani. Wenzetu walikuwa wametutangulia mbali. Ukamsalimu kwa adabu, ukamuuliza kwa Kinyarwanda kama kambi ya kulala usiku ule iko mbali. Akacheka, akaielekeza kwa kidevu.

"Oya, mwana wanjye. Ni hariyaaa."

Hapana, mwanangu, ni pale. Hivyo ndivyo nilivyomwelewa. Furaha iliyonipata! Niliyamaliza maji yote yaliyobaki kwenye chupa, mengine nikanawia uso. Nikaongeza mwendo. Nikakuelezea soda baridi nitakayokunywa, mpaka rangi yake. Nikaanza kufikiria nitakavyomsimulia mjomba wako. Yaani niliitumia furaha ya kufika kabla ya kufika, na furaha ile ndiyo ilikuwa akiba yangu ya mwisho.

Tukazunguka mlima. Hakuna kambi. Kuna mlima.

Yule mama aliyekuwa akilima maharage na mtoto mgongoni alisema ni hapa karibu, akatuambia "Komera!", tuwe na nguvu. Nikazipata tena nguvu, za kukopa. Mlima mwingine. Kisha yule bwana anayesukuma baiskeli yenye madumu, aliyetusikia tukizungumza Kiswahili akataka kutuonyesha cha kwake. Kwanza aliutazama mwavuli wangu.

"Madamu, mvura iko konji mpaka Septemba. Sasa unabebea nani mwavuri?"

Ulicheka mpaka ukakaa chini. Mvua kuwa likizoni! Mimi sikucheka. Nilimuuliza kambi iko wapi.

"Iko hapo tu. Hapo tu kabisa."

Nilipoupita mlima wa bwana yule na kuuona mwingine, nilikaa vumbini chini ya mikaratusi nikalia, mtu mzima, mbele ya watu wanaotoka sokoni. Na wale watu wema wakawa wananipita, kila mmoja akisema kwa upole, "Ihangane, mama." Vumilia. Neno lilelile tunalowaambia wafiwa. Unajua kilichonimaliza ni nini? Ni kuwaitikia. Kila aliyenihurumia ilibidi nimwinulie kichwa, nimshukuru. Nilivumilia huruma mpaka nguvu ya kuvumilia mlima ikaisha.

Nikasema tunarudi. Ilikuwa saa kumi.

"Mama, tukae kwanza. Tusiamue sasa hivi."

"Nimesema tunarudi."

Ukabeba begi langu juu ya lako, ukaenda kutafuta pikipiki.

Tangu siku ile saa hiyo nimeipa jina. Naiita saa ya uongo. Nilikuwa nikiijua siku zote pale ghalani bila kujua kwamba naijua: makosa yangu yote makubwa ya kazi niliyafanya jua likianza kulala upande wa mlango. Asubuhi yake nikiyatazama, siamini ni mwandiko wangu. Saa hiyo kichwa husema kwa sauti ya mtu mzima mwenye hekima. Hakisemi "nimechoka." Husema "kazi hii haikufai," "hawa wenzako hawakupendi," "mama yako yuko peke yake." Kinachagua kitu unachokiamini na kuufunga humo uchovu. Huko njiani sauti hiyo itakujia, na nina hakika itatumia jina langu. Isikie. Usibishane nayo, kubishana pia kunakula nguvu. Iambie itoe shauri lake asubuhi, ukishakula. Ikiwa asubuhi bado inasema urudi, basi huenda ina lake. Yangu mimi haikuwahi kuamka nami.

Tulipokuwa tukisubiri pikipiki ndipo uliponiambia lile jambo. Ulikuwa unachora vumbi kwa kijiti.

"Mzee hakutudanganya, Mama. Hukumsikia? Hakusema 'hariya.' Alisema 'hariyaaa.' Ukivuta hivyo ni mchana mzima."

Mimi, niliyekulia Karagwe, ninayezungumza Kiswahili tangu nianze kutembea! Kama kwamba kwetu "pale" na "paaale" ni mahali pamoja. Kama kwamba mama yangu akisema fulani kahamia "kuleee," na sauti ikimpanda kama anayemwita mtu ng'ambo ya mto, kuna mtoto angeuliza kama ni karibu na duka. Nilikuwa nimeyaacha masikio yangu ofisini. Nimezoea maneno yaliyoandikwa, na kwenye karatasi "pale" ina herufi nne tu, awe anayesema yuko mlangoni au yuko Rusizi.

"Sasa kwa nini hukuniambia?"

"Ulikuwa umefurahi sana."

Keza, jibu hilo nimelibeba mwaka mzima. Sikulaumu. Ila nataka ulione lilivyo: mzee alisema kweli, na wewe uliielewa, ukainyamazia kwa kunipenda. Uliniambia "hapo tu" bila kufungua mdomo. Umejifunza wapi? Kwangu. Nani alikuwa akikuambia "sindano haiumi"? Na mimi nilijifunza kwa mama yangu, siku tulipohama Karagwe kuja huku juu ya lori, vyombo vimefungwa kwa kamba. Nilimuuliza tunakwenda wapi, akaniambia tunakwenda hapo tu. Kila lori lilipopunguza mwendo nilisimama, nikashika kibegi changu, nikajipanga kushuka. Halikusimama. Nikakaa. Likapunguza tena, nikasimama. Tulipofika kweli nilikuwa nimelala fofofo kwa uchovu wa kusimama, nikabebwa kama gunia.

Nadhani sijaacha mpaka leo. Kila kitu kikipunguza mwendo, mimi nashika kibegi. Wewe huwa unacheka ninavyokagua kufuli tukitoka, halafu narudi tena kutoka njia panda. Ni yuleyule msichana wa kwenye lori. Bibi yako hakuwa na nia mbaya. Alikuwa na watoto, vyombo na hofu yake mwenyewe, angesema nini? Lakini leo, nikiwa nimeukaribia umri aliokuwa nao siku ile, nasema angeniambia. "Ni mbali, binti. Kaa chini, uegemee godoro." Ningekaa. Mtoto anaweza kukaa na neno "mbali." Kinachomchosha ni kusimama kila mara.

Baada ya siku ile ya mikaratusi nilianza kwenda kazini kwa miguu. Hukuniuliza kwa nini, nami sikusema. Uliona tu viatu vya raba mlangoni. Nateremka kutoka Kagarama asubuhi mpaka Gikondo, na vijana wanaopakia mizigo wananisubiri getini.

"Madamu! Leo umekuja na gari gani?"

"Namba kumi na moja," nawajibu, yaani miguu yangu miwili.

"Iko na mafuta?"

"Iko na chai."

Mwanzoni nilichoka kabla ya kufika barabara ya lami, kwa sababu nilitembea na kila pikipiki inayoweza kunigonga. Kisha nikaanza kuupa woga wangu kazi. Si kuufukuza, hautoki, ni wa ukoo. Nikiwa bado mlangoni nauambia: haya, kagua. Unakagua viatu, maji, anga, barabara. Unafanya vizuri sana, hakuna mkaguzi kama huo. Ukimaliza nauambia kazi yako imekwisha, kaa, utaitwa kesho. Unanung'unika lakini unakaa. Wewe huna woga kama wangu, una kitu kingine: unataka kumbebea kila mtu begi. Hicho nacho kipe saa zake. Bega lililobeba begi la wenzake asubuhi nzima haliwezi la kwake jioni.

Sasa nikuambie jambo ambalo hulijui. Ijumaa nilikwenda kwa mkuu wangu, nikamwambia kile kiti cha dirishani ampe mtu mwingine.

"Lakini kaka yako alikuja mwenyewe kukiomba," akasema. "Tumeshakipangusa."

"Basi kaka yangu aje akikalie."

Nilisema hivyo, Keza. Mimi. Kisha nikarudi mezani kwangu, nikakosea hesabu ya sabuni mara mbili. Mkuu wangu alinifuata akaniuliza, kwa wema kabisa, kama nimefikiria vizuri. Kazi za mjini zimekuwa ngumu, msichana hana baba, milimani kuna nini. Nikamwambia milimani kuna milima. Sijui jibu hilo lilitoka wapi. Lakini alicheka, akaondoka, na kiti kimeshapata mtu.

Nimeufunga mlango ule kwa sababu ya jambo moja ambalo ni lazima ulijue kabla hujapanda basi. Kuna sehemu yangu inayoomba urudi. Si kwa ubaya. Inakuona umekaa dirishani, jua la asubuhi kichwani, tunakula mchana pamoja, tunapanda namba kumi na moja kurudi Kagarama jioni. Ni picha nzuri na naijua kila kona yake. Nikiwa kanisani nikifumba macho, sehemu hiyo hunitangulia kuomba. Ukiniita kwa simu kutoka kilimani, saa ya uongo, ukisema "Mama, nimechoka," sehemu hiyo itakuwa ya kwanza kushika simu, nayo ina sauti tamu. Itasema, "Rudi mwanangu, hakuna atakayekucheka." Usiitii. Nakuandikia hapa kwa mkono wangu, nikiwa nimekula na nikiwa na akili zangu, ili uwe na neno langu moja la kulipinga lingine. Kiti hakipo. Ukirudi kwa ugonjwa au kwa uamuzi wako wa asubuhi, kitanda chako kipo na nitakipiga busu. Ila usirudi kwa ajili yangu. Umeshafanya hivyo mara moja, na tumeona mimi na wewe kilichotokea: watu wakakuandikia jina lisilo lako.

Na siku utakapokuwa kiongozi wa njia, mgeni akakuuliza kama ni mbali, akiwa amekutumbulia macho kama nilivyomtumbulia yule mzee, najua moyo wako utataka kumpa "hapo tu." Mnyime. Mwambie milima iliyobaki. Atakuchukia mpaka kwenye mlima wa pili. Wa tatu ataanza kugawa maji yake.

Nilikuwa nimefika hapa simu ikalia. Mjomba wako. Amesikia habari za kiti.

"Umefanya nini wewe?" alianza. Nikamwacha aseme yote. Alisema sana. Kisha sauti ikamshuka. Unamjua, hawezi kukasirika dakika nyingi. Nadhani alinisikia ninavyovuta pumzi. Akataka kunifariji, kaka yangu, kama alivyozoea tangu tuko juu ya lori lile, yeye akinishika shati nisianguke.

"Basi usilie, mdogo wangu. Rubavu, Rusizi, ni wapi? Nchi yenyewe ni ndogo. Ni hapo tu."

"Silii," nikamwambia, nalia. "Na si hapo tu, kaka. Ni mbali."

Akataka kulirudia lile "hapo tu." Nikamkatiza.

"Ni mbaaali," nikamwambia. "Na anakwenda."

Nilidhani atakata simu. Badala yake akauliza, polepole, basi lako linaondoka saa ngapi, akukute kituoni. Kwa hiyo kesho atakuwepo. Akikuambia ni hapo tu, mpe mkono, mpende, usimsikilize.

Mimi sitakuambia. Nitakuwa nimesimama pale na mwavuli wangu, mvua iko likizo au haiko, na sitakupungia kwa maneno ya kupunguza njia. Nimelijua neno langu na nimelipima urefu wake. Mradi ulivute masikioni kama ninavyolivuta mimi, maana karatasi haitoshi.

Nenda, mwanangu. Nenda kuleeeee.

Mama yako